Refa Aliyepiga Goti

Mjomba wangu alicheza raga ya kulipwa kwa miaka kumi na mitatu, na katika muda huo wote familia yetu haikuwahi kuuona uso wake kwenye televisheni. Kazi yake haikuwa ya uso. Alikuwa mtu wa mstari wa mbele katika skramu, pale ambapo wanane wa upande huu hushikana mabega, huinama, hufungamana vichwa na wanane wa upande ule, kisha husukumana kama watu wanaogombea mlango mmoja nyumba inapoungua. Kamera hupenda kusimama nyuma yao. Bibi, Mungu amrehemu, alikuwa akivuta kiti karibu na skrini na kusema kwa fahari, "Mwanangu yule pale, wa kulia," na hakuna aliyembishia, maana mzazi hasahau makalio aliyoyaogesha mwenyewe.

Huko alikocheza walimwita Jokofu. Sababu ya kwanza ilikuwa umbo. Ya pili, ukimsukuma hatikisiki, ila ukimkaribia utasikia ananguruma kwa ndani. Alichezea timu tatu katika nchi mbili za baridi, akavunjwa pua mara nyingi, na hakufunga hata mara moja. Nilipomuuliza kama jambo hilo humsumbua aliniambia, "Mpwa wangu, msingi wa nyumba hauna dirisha." Kisha goti la kulia likamgomea. Daktari wa timu akatikisa kichwa, na Mjomba akarudi nyumbani na sanduku moja, jozi ya njumu, na sikio la kushoto lililokunjamana kama soksi iliyosahauliwa chini ya kitanda cha bweni.

Alifikia kwetu, chumba cha nyuma. Mama ni dada yake mkubwa na ni mshonaji, na mshonaji hapendi kuona kitambaa kimelala bure. Wiki haijaisha alikuwa ameshamtafutia kazi ya ulinzi kwenye ghala la saruji.

"Hata kuongea hutakiwi," Mama alimwambia, pini ziko mdomoni. "Unasimama getini, basi. Mwenye ghala ameona picha yako. Kasema huyu akisimama tu, mwizi anageuza."

"Hapo ndipo penye shida, dada."

"Shida gani? Kusimama?"

"Watu wameutumia mwili huu miaka yote hiyo. Sasa nataka watumie kichwa."

"Kichwa kipi? Si hicho ulichokuwa unagongea wenzako?"

Chai ilinipalia, nikatoka nje kwa heshima.

Alichotaka Mjomba ni kuwa refa. Sheria alikuwa amezisoma zote, na mtihani wa karatasi aliwashinda vijana wenye nusu ya umri wake na robo ya shingo yake. Ila kulikuwa na mtihani wa uwanjani, wa kuchezesha mechi nzima mbele ya mkaguzi. Mara ya kwanza alirudi nyumbani na matope kifuani, akasema aliteleza. Alibakiwa na nafasi moja tu. Akianguka tena, chama cha marefa kingefunga jina lake, na mwenye ghala alikuwa anangoja jibu Jumatatu itakayofuata mtihani huo. Mama alishaanza kumshonea sare ya ulinzi, kwa sababu hakuna duka lenye kola inayozunguka shingo ile.

Sasa nieleze chanzo cha kuteleza huko, maana mimi ndiye niliyekigundua.

Skramu huanza kwa amri tatu za refa: inama, shika, ingia. Kwenye "ingia", pande mbili huingiana kwa kishindo. Miaka kumi na mitatu Mjomba alilisikia neno hilo, na mwili wake ulizoea kutii kabla akili haijapata taarifa. Na sasa neno lenyewe lilitakiwa kutoka kinywani mwake.

Ilikuwa likizo. Alikuwa akifanya mazoezi jikoni, filimbi shingoni, amelielekea jokofu letu kana kwamba ni timu mbili.

"Inama," akasema kwa sauti nzito ya refa. "Shika." Akavuta pumzi. "Ingia."

Na akaingia. Majokofu mawili yaligongana siku ile, na la kwetu ndilo lililoshindwa. Mpaka leo mlango wake unafungwa kwa mpira wa kaptula.

Nilimsaidia kuokota nyanya. "Umeteleza?" nikamuuliza.

"Nimeteleza."

"Kama siku ya mtihani?"

Akairudisha nyanya ndani ya jokofu. "Mama yako asijue," akasema.

Alijaribu kulitamka polepole. Akajaribu kunong'ona. Akajaribu kwa lugha za zile nchi mbili za baridi, lakini mwili ulikuwa unazielewa zote. Kila alipolisema, bega la kulia lilitangulia na mengine yakafuata.

Mimi ni mtu wa sayansi. Shuleni naitwa Shahidi, kwa kuwa jambo baya lolote likitokea bwenini, huwa nimesimama karibu, nikiwa na uso wa ibada. Niliona hapo kuna swali la kitaalamu ambalo halijajibiwa: je, mwili wa Mjomba hutii sauti yake peke yake, au ya kiumbe chochote? Kwa hiyo siku moja alipoinama kufunga kamba za viatu mbele ya mlango wa bafu, nilijibanza nyuma ya cherehani na kuzitamka amri zote tatu kwa adabu. Jibu ni kwamba hutii ya yeyote. Mlango uling'oka pamoja na bawaba zake, Mjomba akaingia nao bafuni kama mtu aliyebeba trei, na Mama, aliyekuwa humo akifua mapazia, alitoa sauti iliyowaleta majirani wa pande zote nne.

Niliamriwa kupiga magoti kibarazani, mikono juu. Sikulalamika. Katika shule ya bweni mtu hufundishwa masomo mengi, lakini hilo ndilo ninaloongoza darasa.

Mjomba alikuja kuketi ngazini kando yangu.

"Pole, mpwa."

"Pole na wewe. Bega vipi?"

"Bega zima. Mgonjwa ni mlango."

Akaisugua ile filimbi kwa kidole gumba. Nilidhani atanisema. Badala yake akasema, "Unajua kinachoniuma? Pale ndani ya skramu napajua kama mama yako anavyoujua upindo. Marefa wanasimama juu, wanabahatisha. Nimewadanganya miaka yote."

"Unawadanganyaje?"

Aligeuka kuhakikisha Mama yuko mbali. "Unamshika mwenzako chini ya kwapa, mahali ambapo refa haoni. Unavuta kidogo tu, kama mtu anayevuta shuka usingizini. Akianguka, unaanguka naye. Halafu unalia kabla yake. 'Refa, huyu ananiangusha.' Anayelia kwanza ndiye mfiwa."

"Na refa anaamini?"

"Refa anakupa pole na penalti." Akacheka kidogo, kisha akakunja uso. "Nimekwambia kama mtu mzima. Usije ukaitumia."

"Mjomba, si unanijua?"

"Ndiyo maana nasema."

Mtihani wa pili uliangukia shuleni kwetu, muhula ulipofunguliwa. Ligi ilikuwa haijaanza, na mkaguzi alitaka mechi yoyote yenye skramu za kweli, basi mwalimu wa michezo akampa mechi ya mabweni: Mashariki, ambalo ndilo langu, dhidi ya Magharibi. Mtu asiyesoma bweni anaweza kuiona mechi hiyo ndogo. Bweni linaloshinda hutangulia kwenye foleni ya chakula muhula mzima. Wa kwanza katika foleni hupata nyama. Wa mwisho husimuliwa habari za nyama.

Mkaguzi alikuwa mama mfupi mwenye kofia pana na njumu zilizong'arishwa mpaka zikatuaibisha. Mjomba alimwendea kabla ya mchezo, amesimama wima kama mwanafunzi mbele ya mlango wa mwalimu mkuu.

"Mkuu, kuna jambo inabidi ulijue. Yule wa Mashariki, mstari wa mbele kulia, ni mtoto wa dada yangu."

Mkaguzi aliitazama shingo yangu. "Naona," akasema. "Vizuri. Refa asiyeweza kumpigia filimbi ndugu yake wa nini kwangu?"

Mama naye alikuja. Aliketi kwenye kiti cha plastiki chenye mto, pembeni ya uwanja, sare ya ulinzi mapajani, akishona vifungo. Alisema amekuja kuona upuuzi huu ukiisha.

Skramu ya kwanza ilitokea mapema. Tukakusanyika. Mbele yangu alikuwa mvulana wa Magharibi tunayemwita Kinu, mpole kwa tabia, lakini akikuegemea unajisikia kama mahindi.

"Inama," akasema Mjomba. "Shika." Sauti ilikuwa safi. "Ingia."

Aliingia ubavuni kwetu kama lori lililokatika breki. Tulianguka wote, na kwa muda haikujulikana mguu upi ni wa nani. Mabweni yote mawili, ambayo hayajawahi kukubaliana katika jambo lolote, yalicheka kwa pamoja. Mwalimu wa michezo alijifunika uso kwa kofia.

"Refa," mkaguzi aliita kwa upole uliotisha, "unachezea upande gani?"

"Hakuna, mkuu. Nimeteleza."

Mkaguzi alizitazama nyasi, kavu kama karatasi. "Moja nimeiona," akasema. "Ya pili nikiiona, nakusimamisha."

Mjomba alisimama akiipangusa filimbi ambayo haikuwa na vumbi. Nilimtazama Mama, nikitarajia uso wa "nilikwambia". Sindano yake ilikuwa imesimama hewani. Hakufurahi hata kidogo, na hilo ndilo lililonitisha, kwa sababu nilielewa kwamba alikuwa ameona ninachokiona mimi: Jokofu anaogopa.

Haikupita muda, skramu ya pili. Mpira ulikuwa wa Magharibi, nao wangeuingiza kutokea upande wangu, kwa hiyo refa alisimama hapo, karibu kiasi cha kunusa dawa ya misuli aliyojipaka. Paja lake lilikuwa linacheza kabla hata hajasema "inama". Nilijua tulikokuwa tunaelekea: yeye, sisi, mkaguzi, na baada ya hapo geti la ghala la saruji mpaka uzeeni.

Hapo ndipo elimu yangu ilipoota maua. Nidhamu yote ya shule yetu imejengwa juu ya jiwe moja: mtu aliyepiga magoti haendi popote. Nimelihakiki jambo hilo mwenyewe, kwenye kokoto, kwenye saruji na kwenye zulia la ofisi.

"Mjomba," nikanong'ona. "Piga goti."

"Nini?"

"Goti moja. Hutaweza kukurupuka. Niamini, hii ni fani yangu."

Alilitazama goti lake la kulia, lile lenye kovu refu. La kushoto ndilo aliloliweka akiba ya kuinukia. Akalishusha la kulia taratibu mpaka kwenye nyasi, meno yameumana, jasho likamtoka mara moja puani.

"Inama. Shika." Akapumua. "Ingia."

Mwili ulitetemeka wote, kama gari lililowashwa huku breki ya mkono imevutwa. Haukwenda. Sisi ndio tulioingiana, kwa kishindo kizuri, naye akabaki palepale, filimbi mdomoni, macho yamemtoka kama mtu aliyeona nguo zake zinatembea bila yeye. Mpira ulipotoka aliweka kiganja chini, akajiinua kwa mguu wa kushoto, na akaukimbilia mchezo.

Kuanzia hapo niseme kweli, na kweli huwa inanigharimu: alikuwa refa mzuri. Kila skramu alipiga goti, na kila alipopiga goti aliona kitu. "Kinu, mkono wa kushoto, shika jezi, siyo hewa." "Mashariki, kiuno juu, mtavunja mtu shingo." Alisema kwa sauti ya chini, kama fundi anayeongea na mashine. Wavulana ambao kwa kawaida hutoka skramu wakitukanana walitoka wakiwa kimya, wanasikiliza.

Mkaguzi alisogea hadi kwenye mstari. "Refa, hakuna sheria inayosema upige goti."

"Hakuna inayokataza, mkuu."

Akafikiri. "Unaona nini huko chini?"

"Kila kitu."

Neno hilo nililisikia kwa masikio yangu mawili. Mtu mwenye busara angelihifadhi. Lakini mimi nilikuwa nafikiria nyama.

Dakika za mwisho tulikuwa mbele kwa pointi mbili. Magharibi walipata skramu karibu na mstari wetu, mpira wao. Kinu alikuwa amechoka kuwa mpole. Tulipoingiana nilisikia visigino vyangu vinalima, mgongo wangu unakunjika, na nikajua tukisukumwa hatua nyingine tatu wanafunga. Nikakumbuka mafunzo ya kibarazani. Mkono wa kulia ukapita chini ya kwapa la Kinu wenyewe tu, ukavuta kidogo, kama mtu anayevuta shuka usingizini. Kinu akaanguka. Nikaanguka naye. Na nikalia, tena kwanza.

"Refa, ananiangusha huyu. Shingo yangu, jamani. Shingo yangu mimi."

Kilikuwa kilio kizuri. Nasema hivyo kama mtaalamu. Filimbi ikalia. Nikabaki nimefumba macho kama mjane, nikingoja pole yangu na penalti yangu.

Havikuja. Nikafumbua jicho moja.

Uso wa Mjomba ulikuwa mbele yangu, usawa wa nyasi, umbali wa mkono. Alikuwa kwenye goti. Alikuwa hapo muda wote, na aliyemweka hapo nilikuwa mimi. Mchimba kisima huingia mwenyewe.

"Umemaliza?" akaniuliza.

"Kufanya nini, refa?"

"Kulia."

"Bado kidogo."

"Nakungoja."

Nikaona hakuna faida. "Nimemaliza."

"Pole na msiba, Shahidi." Akainuka, akanyoosha mkono upande wa pili. "Penalti, Magharibi. Mashariki kulia, umevuta chini ya kwapa."

Kinu alikuwa ameshafungua kinywa kulalamika, kama watu wa mstari wa mbele wanavyolalamika tangu mchezo huu ulipoanza, na kinywa kikabaki wazi bila kazi. "Ameona," akasema, kwa sauti ya mtu aliyeshukiwa na malaika. "Jamani, ameona."

Penalti ni pointi tatu. Mpigaji wao aliupitisha mpira katikati ya nguzo, na muda ukaisha. Wenzangu wa Mashariki walinitazama kwa namna ambayo sitaieleza hapa, kwa kuwa shauri hilo bado linaendelea bwenini.

Mkaguzi alimwita Mjomba pembeni. Nilisogea, kama ilivyo kawaida yangu.

"Nimechezesha miaka mingi," alisema. "Nimeona watu wengi wakianguka hivyo. Sijawahi kuuona mkono. Wewe umejuaje pa kutazama?"

Mjomba alikuna lile sikio la soksi. "Mkuu, mchezo huo niliufanya mimi. Kabla sijaenda kucheza nje, kulikuwa na fainali moja ya mvua. Ulinipa penalti mbili."

Mkaguzi alivua kofia. "Yule kijana aliyekuwa analia?"

"Ndiye mimi."

"Nilikuonea huruma," akasema. "Mpaka nyumbani nilikwenda na ile huruma." Akaivaa kofia tena na kuikaza, na nikaona anajizuia kucheka. "Skramu ya kwanza ilikuwa aibu. Nyingine zote nataka marefa wangu waje wazione, na wewe uwaeleze kinachotokea huko chini. Umefaulu. Ninachouliza ni hilo goti. Litakubeba misimu mingapi?"

Mjomba aliinama kulitazama. Goti lilikuwa limevimba, na damu ilikuwa imechora mstari hadi kwenye soksi.

"Sogea," ikasema sauti nyuma yetu. Ilikuwa Mama. Mkononi alikuwa na ile sare ya ulinzi, lakini mkono mmoja wa shati haukuwepo. Alikuwa ameukata, akaukunja mara nne, akaujaza sponji aliyoichomoa kwenye mto wa kiti, akaushona pande zote na kuutia kamba mbili za kufungia. Kazi hiyo yote aliifanya kipindi cha pili, wakati nilipodhani anashona vifungo. Alipiga magoti mwenyewe na kumfunga mdogo wake mto ule kwenye goti, akajaribu mafundo, akalegeza moja.

"Unabana?"

"Haubani, dada."

"Utabana ukilowa. Nitakushonea wa pili."

"Na mwenye ghala?"

"Nitamwambia nguo haikukutosha," Mama akasema, akajikung'uta nyasi. Kisha akanigeukia. "Na wewe. Kule kulialia umefundishwa na nani?"

Nilimtazama Mjomba. Mjomba alikuwa ametazama mawingu, kwa makini sana, kama mtu anayedaiwa utabiri wa mvua.

"Nimejisomea," nikasema.

"Ndiyo. Piga magoti."

Nikapiga, hapohapo kwenye mstari wa uwanja, mbele ya mabweni mawili, mikono juu, mgongo umenyooka, kama kiongozi wa somo. Muda kidogo nikasikia nyasi zinalia kando yangu. Mjomba alikuwa ameshuka polepole kwenye goti lake jipya.

"Nalijaribu tu," akamwambia Mama. "Nione kama linakaa sawa."

Likakaa sawa. Akabaki palepale mpaka mikono yangu iliporuhusiwa kushuka.